Siku Mutowa Ilipoachilia Kamba

Mgeni akifika bandarini Kalemie na kuiona Mutowa, kwanza huangalia bomba lake la moshi, kwa sababu limepinda kidogo kama mtu anayetega sikio. Halafu anauliza: boti fupi hivi, injini kubwa namna hii ni ya nini? Mimi, Salomon, niliyeanza kazi kwenye sitaha yake ndevu zangu zikiwa bado nyeusi, huwa simjibu kwa maneno. Ninampeleka nyuma ya chumba cha usukani, karibu na katikati ya boti, ninamwonyesha kulabu.

Ni chuma kinene, kizito kama mbuzi wa Moba. Mutowa ni remorkeri. Haibebi mzigo wake yenyewe, inavuta wengine: barji zisizo na injini, boti zilizoharibikiwa, meli iliyokwama kwenye mchanga. Kamba ya kuvutia inafungwa kwenye kulabu ile. Watu hudhani ingewekwa mwisho kabisa wa nyuma, lakini hapo boti ingekuwa kama mbwa aliyekamatwa mkia, isingeweza kugeuka. Ikiwa katikati, Mutowa inageuza pua yake inakotaka huku ikivuta. Ila faida hiyo ndiyo hatari yake. Kile unachokivuta kikikimbilia ubavuni, kamba inakushika kiuno, na boti inalala. Ndiyo maana pembeni ya kulabu kuna mkono wa chuma. Ukiuvuta, kulabu inafunguka na kamba inaondoka, hata kama imekazwa namna gani. Kazi yangu ni kusimama karibu na mkono ule, na kungoja neno la komanda, yaani nahodha.

Mutowa ilifika hapa kwa vipande. Vyuma vyake vilivuka bahari, vikapanda treni, vikapita Kabalo, vikashushwa Kalemie, na babu zetu wakaviunganisha kwa ribeti, misumari minene ya moto, mmoja akirusha, mwingine akidaka kwa ndoo. Mwanzoni ilikula kuni. Baadaye ikala makaa ya mawe ya Makala, na moshi wake ukawa unachafua nguo zilizoanikwa mjini kote. Mwishowe wakaing'oa mashine ya mvuke, wakaitia injini ya mazuti, yaani dizeli. Imevuta saruji, mahindi, mafuta, hata kengele ya kanisa. Lakini watu wanaikumbuka zaidi kwa kwenda kuwachukua walioharibikiwa. Wageni wanasema hili ni ziwa tu. Wakiona upepo wa kusini wa mwezi wa saba, wanaanza kuliita bahari.

Komanda wetu ni mwanamke, Lydie, binti ya Komanda Toussaint. Alisomea kazi hii Kinshasa, akarudi, na wanaume waliocheka siku ya kwanza walinyamaza siku ya kwanza hiyohiyo, alipoingiza barji mbili bandarini kwenye upepo wa ubavuni bila kugusa ukuta. Ni mtu wa maneno machache. Akikasirika anazidi kuwa na adabu.

Baba yake naye alikuwa komanda wa Mutowa. Wakati wa vita, siku ambayo mimi sikuwamo, alikuwa akivuta boti iliyojaa watu waliokuwa wakikimbia. Mawimbi yaliigeuza ile boti, ikaenda ubavuni, na kamba ikaishika Mutowa kiuno. Toussaint hakuachilia. Mutowa ililala, ikazama si mbali na pwani, na komanda akafa pamoja na mekanisieni wake, fundi wa injini. Ile boti iliyokuwa nyuma ilivutwa na kamba hiyohiyo, ikajaa maji. Waliofika nchi kavu walikuwa wachache. Hao wachache ndio waliosema mjini: Toussaint hakutuachilia. Wakamtungia wimbo, ukaimbwa kanisani na kwenye vilio, na mpaka leo kuna watoto wengi Kalemie wanaoitwa Toussaint ambao mama zao hawakumjua.

Vita ilipopoa, tuliiinua. Wapiga mbizi waliziba matundu kwa mbao, matambara na saruji, tukafunga mapipa matupu mbavuni, pampu zikanyonya maji, na Mutowa ikatoka matope yakiitiririka kama ng'ombe anayetoka mtoni. Nilikuwa wa kwanza kupanda sitaha. Kulabu ilikuwa imefungwa, kipande cha kamba bado kiko ndani. Niligusa ule mkono wa chuma. Ulisogea kwa nguvu ya vidole vyangu tu. Nilipoinua macho, nilimwona Mama Pascasie, mjane wa Toussaint, amesimama pwani, amejifunga kikwembe cha kilio, ananitazama. Hakuuliza kitu.

Sasa nisimulie ya mwaka jana.

Ilikuwa mwezi wa nane. Tulikuwa tumeacha barji Moba na tunarudi wepesi, upepo ukitusukuma mgongoni. Jua lilikuwa la saa nane hivi. Karibu na rasi ya Tembwe, Lydie aliweka darubini machoni, akaishusha, akaiweka tena.

“Papa Salomon,” aliniita. “Ona kule karibu na mawe. Kuko boti inalala vibaya.”

Ilikuwa boti ya mbao ya Papa Basile, inayoleta maharagwe na mahindi ya mlimani. Injini ilikuwa imekufa. Watu walikaa juu ya magunia, wakipunga vikwembe, na upepo ulikuwa unawasogeza pole pole kuelekea mawe. Pale Tembwe pwani si mchanga. Ni mawe marefu yanayoingia majini kama meno.

Tulipokaribia, Lydie alichukua kipaza sauti. “Papa Basile! Usifunge kamba kwenye muti wa mbele, itaung'oa! Zungusha kwenye mwili wa boti yote, kama mukaba wa kiuno!”

Basile alielewa. Nilirusha kamba nyembamba yenye uzito, wakaidaka, wakavuta nayo ile nene, wakaizungusha boti nzima, wakafunga. Nikaweka mwisho wetu kwenye kulabu. Tukaanza kusogea, kamba ikainuka, ikamwaga maji, ikakaza.

“Inakunywa?” aliuliza Lydie kupitia dirisha.

“Inakunywa, Komanda.”

Hayo ni maneno yetu. Kamba nzuri ya kuvutia inakuwa ndefu, katikati yake inazama majini. Wimbi likipiga, kwanza inanyooka, halafu ndiyo inavuta. Kamba isiyokunywa maji hukatika, au hung'oa kitu.

Tulivuta kuelekea kilindini. Mawe yalianza kubaki nyuma. Kwenye boti ya Basile mwanamke mmoja alianza kuimba, nami niliwaza chakula cha jioni. Ndipo mawimbi yakaja mengi pamoja. La kwanza liliinua pua yetu na kuigeuza. La pili liliipiga boti ya Basile, na kwa sababu usukani wao haukuwa na nguvu bila injini, ikakimbia upande wa kushoto. Kamba ikaja ubavuni. Niliona ikiacha nyuma na kuja sambamba na mabega yangu, imekaza, inalia.

Mutowa ililala. Sijui nielezeje. Sitaha uliyoizoea inageuka ukuta. Maji yalipanda juu ya ukingo, yakanifika magotini, yakaanza kuingia kwenye mlango wa mashine, na kutoka chini nikasikia mekanisieni wetu, Cyrille, akipiga kelele. Lydie alizungusha usukani wote. Boti haikuitikia.

Alinitazama. Nilimwona anatazama kulabu, halafu watu walio kwenye magunia, halafu kulabu.

“Achilia!”

Nikavuta mkono wa chuma. Kamba iliruka kama nyoka aliyekanyagwa, ikapita juu ya kichwa changu. Mutowa ikasimama wima, ikitetemeka, maji yakamwagika pande zote mbili.

Ninataka muelewe jambo moja, kwa sababu mjini watu wengi hawakulielewa. Ukishaachilia, huwezi kugeuka palepale. Kamba ile ndefu iko majini. Ukiirudia kwa haraka inajisokota kwenye elisi, yale mapanga yanayosukuma boti, na hapo injini inakufa, na mnakuwa boti mbili zinazokwenda kwenye mawe. Unapaswa kwenda mbali, uzunguke, upande juu ya upepo, kule unakotoka, ndipo urudi. Kwa aliye kwenye Mutowa, huko ni kurudi. Kwa aliye kwenye boti isiyo na injini, anaona mgongo wako unaondoka.

Ule wimbo ulikatika. Nilisikia kilio, halafu sauti ya mwanamke ikipanda juu ya nyingine zote: “Wanatuacha! Mungu wangu, wanatuacha!”

Kulikuwa na kijana mmoja kwenye boti ile, fundi wa kushona, jina lake Kalala. Alikuwa anatoka kumsalimia mama yake Moba. Alishika bidoni tupu, dumu la plastiki, akaikumbatia kifuani, akaruka, akaanza kupiga miguu kuelekea pwani. Kuelekea yale mawe.

“Komanda, muntu ameruka!” nilipaza sauti.

“Nimemuona,” alisema Lydie.

Sauti yake ilikuwa ileile ya kila siku, lakini mikono yake ilikuwa imeshika usukani kama mtu anayening'inia. Kalala alikuwa upande mmoja, boti upande mwingine, na mawe yalikuwa mbele yao wote. Kumfuata Kalala kulikuwa kuingia mahali ambapo Mutowa isingetoka. Nilirusha boya kwa nguvu zangu zote. Lilianguka mbali naye, upepo ukalichukua.

Lydie alipanda juu ya upepo. “Tafuta kamba ya pili. Funga bidoni kwenye mwisho wake. Tutaiacha, upepo utawapelekea.”

Ndivyo tulivyofanya. Ile bidoni ya manjano ilikwenda ikirukaruka juu ya mawimbi, ikiburuta kamba, moja kwa moja mpaka kwenye mbavu za boti yao. Basile aliishika mwenyewe, nusu ya mwili wake nje. Safari hii Lydie hakupigana na upepo. Alivuta kwa mshazari, akifuata pwani, akiuacha upepo umsaidie, akiiweka boti ya Basile nyuma yetu kabisa, na kila wimbi kubwa lilipokuja alipunguza moto wa injini kabla halijafika. Tulizunguka rasi na kuingia kwenye ghuba iliyo nyuma yake. Maji yalikuwa yametulia kabisa. Watoto wa wavuvi walikuwa wanaoga.

Hakuna aliyetushangilia. Watu walikaa juu ya magunia, wamelowa, wanatutazama. Lydie aliniambia nifungue, akageuza Mutowa, tukarudi kumtafuta Kalala. Tulikwenda na kurudi mbele ya mawe mpaka jua lilipokaribia milima. Tuliiona bidoni yake tu. Wavuvi walimpata kesho yake.

Bandarini habari zilikuwa zimefika kabla yetu, pamoja na baadhi ya abiria walioletwa na boti ya wavuvi. Yule mama aliyekuwa akipiga kelele, Mama Rebecca, mfanyabiashara wa maharagwe, alisimama mbele ya Lydie palepale alipokanyaga gati. “Ulitukata kama mbuzi aliyekwama kwenye kamba! Baba yako hakuachilia watu! Weye mutoto wa nani?”

Lydie aliinamisha kichwa. “Pole, Mama,” alisema. “Pole sana.” Akapita.

Nilimfuata. Nilitaka kumwambia kwamba mimi ndiye niliyevuta ule mkono na ningeuvuta tena. Tulitembea mpaka kwa mama yake, na Mama Pascasie alitukuta mlangoni. Alikuwa ameshasikia. Alituwekea bukari, ugali wetu, na samaki, na hakuna aliyegusa.

“Watu wanasema baba hakuachilia,” Lydie alisema mwishowe.

“Ni kweli. Hakuachilia.”

“Mimi niliachilia.”

Mama Pascasie alinawa mikono yake pole pole, kidole kwa kidole. “Lydie, mwanangu, sikia. Watu wa ile boti walikufa wangapi, wanajua waliofiwa, lakini kwenye wimbo hawatajwi. Miye nilitaka mume. Walinipa wimbo. Kila Jumapili ninausikia, watu wananiangalia kama niko na bahati.” Alinigeukia. “Papa Salomon, siku ile mulipotoa boti, uligusa ile chuma. Ilikuwa imekwama?”

“Apana, Mama. Haikukwama.”

“Nilijua. Niliona mukono wako.” Akamrudia binti yake. “Sijui aliwaza nini. Pengine aliona haya kuachilia. Pengine alidhani boti itainuka yenyewe. Nilimpenda, na sitamsema vibaya. Lakini ukiniuliza ninamutaka nani leo kwenye meza hii, yule anayeimbwa ao yule anayetukanwa na anakula bukari yangu, basi kula.”

Lydie alikula kidogo. Machozi yalikuwa yanaanguka kwenye sahani, naye hakuyafuta.

Kesho yake alitaka kwenda kwenye kilio cha Kalala. Nilimwomba angoje, watu wapoe. Alisema watu wakipoa itakuwa hana sababu ya kwenda. Tukaenda, yeye, Cyrille na mimi. Wanawake walikuwa wamekaa chini kwenye mikeka. Tulipoingia uani, mazungumzo yalizimika, na kaka mmoja wa marehemu akainuka, lakini mjane, Noëlla, alimwashiria akae.

Lydie alipiga magoti mbele yake. “Mama Noëlla, ni miye Lydie. Nilikuwa kwenye usukani.”

Noëlla alikuwa mwanamke mdogo wa mwili, na sauti yake ilikuwa imekauka. “Niko na neno moja tu la kukuuliza. Alikuona ukirudi?”

Nilimwomba Mungu Lydie aseme ndiyo. Nani angejua?

“Apana,” alisema Lydie. “Aliruka kabla nigeuke. Alikufa anajua nimemuacha. Haikuwa kweli, lakini yeye hakujua.”

Noëlla alimtazama. “Hakuna mwenye aliwaambia,” alisema, kama mtu anayejisemea. “Watu wote wale juu ya magunia, na hakuna mwenye aliwaambia kwamba munarudi.”

“Hakuna,” Lydie alijibu. “Sikuwaambia.”

“Kipaza sauti ulikuwa nacho?”

“Nilikuwa nacho. Upepo ulikuwa unakula sauti.”

Noëlla alisogea kidogo kwenye mkeka wake, na kwa mkono akaonyesha nafasi iliyobaki. Lydie alikaa. Walikaa pamoja mpaka jioni, na sisi wanaume tulikaa na wanaume wengine, ambao baada ya muda mrefu walitupa maji ya kunywa.

Sikumwona Lydie akibadilika siku hizo, ila aliacha kula pamoja nasi. Halafu asubuhi moja alishuka kwenye chumba cha mashine, akamwambia Cyrille atengeneze honi, ile kubwa ya hewa iliyokuwa imekufa tangu enzi za makomanda wengine. Ilipolia, ndege waliruka juu ya paa za bandari. Akatuita.

“Milio mirefu miwili,” alisema. “Maana yake: tunaachilia, tunarudi. Kila boti inayopita Tembwe itajua. Na wakisikia tumepiga, kila muntu anakaa chini, anamushika mwenzake. Hakuna kuruka.”

Cyrille alikuna kichwa. “Komanda, boti ni mingi. Utawaambia wote?”

“Nitawaambia.”

Akaenda kweli. Kila siku ambayo hatukuwa na kazi, alishuka kwenye fukwe ambako boti za Moba zinapakia, akasimama kati ya magunia na mbuzi, akawaeleza watu habari za kulabu, kwa nini iko katikati, kwa nini tukiachilia tunakwenda mbali kwanza. Wengine walimsikiliza. Wengine walimtukana, hasa mwanzoni, wakimtajia Kalala. Hakujibizana nao. Alingoja wamalize, akaendelea pale alipoishia. Papa Basile alianza kumsindikiza, na maneno ya Basile yalikuwa na uzito, kwa sababu yeye alikuwa upande ule mwingine wa kamba. Mama Rebecca hakumsalimia kwa miezi mingi. Lakini siku moja nilimkuta kwenye boti yake anawaambia abiria, kwa hasira yake ya kawaida: “Milio miwili, munakaa! Atakayesimama nitamukalia miye mwenyewe!”

Mwezi wa tatu mwaka huu, mvua zikiwa nyingi, tulikuwa tunavuta boti nyingine kutoka upande wa Moba, imejaa watu, usukani wake umevunjika. Dhoruba ilitukuta kabla ya Tembwe. Kamba ikaanza kuja ubavuni. Lydie hakungoja sitaha ilale. Alipiga honi, milio mirefu miwili, halafu akaniambia, kwa sauti ya kawaida kabisa, niachilie.

Nikavuta. Nikageuka kuangalia nyuma. Mvua ilikuwa nzito, lakini niliwaona: kundi zima la watu lilishuka chini kama majani yanayolazwa na upepo, na mwanamume mmoja aliyebaki amesimama alivutwa shati na mikono ya watu. Hakuna aliyeruka. Tulikwenda mbali, tukazunguka, tukarudi, tukawachukua.

Tulipofika bandarini watu walishuka, kila mtu na mzigo wake, wengine wakitushukuru, wengine wakilalamika kuhusu magunia yaliyolowa. Cyrille alitaka tunywe bia. Lydie alisema tutangulie. Alinawa uso kwenye ndoo, akavaa viatu vyake vya nchi kavu, akachukua mwavuli. Nilimwona akipanda njia ya kwenda kwa Noëlla, peke yake, akiruka madimbwi. Alitaka Noëlla alisikie jambo hili kutoka kwake, kwamba safari hii hakuna aliyeruka, kabla halijafika sokoni.